Uzi: Kadhi na dola katika Pwani ya Afrika Mashariki, tangu baraza la Mogadishu hadi Katiba ya Kenya ya 2010

Ndugu wanajukwaa, assalaam alaykum, na salamu zangu kwa wasio Waislamu pia, kwa kuwa jambo hili linawahusu.

Kila mjadala wa Mahakama ya Kadhi unapozuka, iwe Dodoma au Nairobi, hoja zilezile mbili hugongana. Wapo wanaosema dini inataka kuingizwa serikalini, na wapo wanaojibu kwamba Waislamu wanadai haki yao. Nimeufuatilia mjadala huu kwa muda mrefu, na naona pande zote mbili huanzia mahali pasipofaa, yaani miaka ya uhuru, kana kwamba kadhi alizuka siku bendera mpya ilipopandishwa. Anayerudi nyuma zaidi atakuta mambo yalikwenda kinyume na tunavyosimuliana. Katika Pwani hii dola ndiyo iliyoingia barazani kwa kadhi, ikampunguzia kazi, ikamwandikia mshahara, ikaamua ushahidi atakaoupokea na rufaa zake zisikilizwe na nani. Hicho kinachogombewa leo ni mabaki ya kazi hiyo ya dola, na ndiyo maana naomba tuifuate hatua kwa hatua.

Maelezo ya mwanzo yaliyo wazi tunayo kutoka kwa Ibn Battuta, msafiri wa Morocco aliyepita Mogadishu, Mombasa na Kilwa mwaka 1331. Wengi humnukuu kwa sababu ya chakula cha Mogadishu au ukarimu wa Sultan al-Hasan bin Sulaiman wa Kilwa. Mimi naona sehemu yenye thamani kubwa ni ile anayoeleza jinsi mashauri yalivyokatwa Mogadishu. Kadhi alikuwa mtu mwenye asili ya Misri. Watu walipoleta mashauri yao, yaliyohusu sharia yaliamuliwa na kadhi, na yasiyohusu sharia yaliamuliwa na mawaziri na maamiri waliokaa katika baraza la shura. Lililohitaji rai ya sultani liliandikwa kwenye karatasi na kupelekwa ndani, naye akajibu papo hapo nyuma ya karatasi ileile.

Hapo kuna mambo mawili ya kuzingatia. La kwanza, kadhi na mtawala walikuwa watu wawili wenye kazi mbili, na mipaka ya kazi hizo ilijulikana na kila aliyekuja barazani. Anayedai kwamba katika Uislamu hakuna kabisa mstari kati ya sharia na siasa ya mtawala atapata shida kuueleza mji huu. La pili, kadhi huyu alitoka mbali. Heshima yake haikutokana na ukoo wake mjini, bali na elimu aliyoibeba, na elimu hiyo ilisomwa vilevile Hadhramaut, Makka na Cairo. Sultani alimteua na angeweza kumwondoa, lakini hakuwa na uwezo wa kumtungia fiqhi, yaani hukumu za sharia kama zilivyofafanuliwa na maulamaa. Mtawala alishika cheo, maulamaa wakashika sheria yenyewe, na jamii ndiyo iliyoamua nani aaminiwe.

Nitazipita karne za Wareno kwa haraka. Waliipora Kilwa na Mombasa mwaka 1505, wakaanza kujenga Ngome ya Yesu huko Mombasa mwaka 1593, wakaondolewa humo na Waomani mwaka 1698. Waliharibu biashara na wakavunja nguvu za miji mingi, ila hawakuanzisha mfumo wa sheria uliochukua nafasi ya kadhi katika maisha ya watu wa Pwani.

Waomani ndio waliobadilisha mengi. Seyyid Said, mtawala wa Oman, alipohamishia makao yake Unguja, watawala walikuwa Ibadhi, madhehebu ya Waomani, na raia wengi walikuwa Sunni wa madhehebu ya Shafii. Ufumbuzi uliopatikana ulikuwa wa busara: sultani aliweka makadhi wa Kiibadhi na makadhi wa Kishafii, na mtu akaenda kwa kadhi wa madhehebu yake. Dola haikuwalazimisha watu wafuate fiqhi ya mtawala. Hata hivyo, tusiipambe hali hiyo kupita kiasi. Sheikh Ali bin Abdallah al-Mazrui wa Mombasa, mwanachuoni wa Kishafii aliyejadiliana na Maibadhi waziwazi na kuvuta baadhi yao, alitiwa gerezani na Sultani Seyyid Barghash na hakutoka mpaka Barghash alipofariki mwaka 1888. Kwa hiyo uhuru wa maulamaa ulikuwepo, na ukomo wake ulikuwa pale maneno yao yalipoanza kugusa uhalali wa kiti cha mtawala.

Likumbukeni jina la sheikh huyu, kwa kuwa mwanawe anakuja mbele.

Sasa nafika kwenye jambo ambalo naamini ndilo kiini cha tofauti kati ya Kenya na Tanzania Bara, na ambalo nalisikia likitajwa mara chache sana. Mwaka 1890 Ujerumani ililipa marki milioni 4 na kuinunua Pwani ya iliyokuja kuwa Tanganyika moja kwa moja, na mamlaka ya sultani juu yake yakaisha. Upande wa kaskazini haikuwa hivyo. Desemba 1895 Waingereza walikubaliana na sultani kwamba ukanda wa maili kumi wa Pwani ya Kenya watauendesha wao kwa kodi ya pauni 11,000 kwa mwaka, huku enzi ikibaki ya sultani na bendera yake nyekundu ikiendelea kupepea Mombasa. Kilichouzwa huku kilikodishwa kule. Aliyekodi alibanwa na masharti, na mojawapo ni kwamba sheria ya Kiislamu na mahakama zake ziheshimiwe. Kanuni za mwaka 1897 zikazitambua mahakama za liwali (mkuu wa mji), kadhi na mudiri (mkuu wa eneo dogo chini ya liwali) katika ukanda huo. Upande wa Wajerumani palikuwa na maliwali na maakida (wakuu wa maeneo chini ya liwali), tena Waislamu wengi wa Pwani walipewa vyeo hivyo hata bara, lakini walikuwa watumishi wa serikali ya koloni bila mkataba wowote nyuma yao. Ukija kuuliza mwaka 2015 kwa nini kadhi yumo katika Katiba ya Kenya na hayumo katika sheria za Bara, jibu kubwa limo katika mikataba hiyo miwili.

Naendelea, maana ndugu mmoja ameuliza: kama Waingereza waliahidi kuheshimu mahakama za kadhi, walizipunguza vipi?

Walizipunguza kwa utaratibu, na bila kelele. Makosa ya jinai yalitoka mikononi mwa kadhi, mashauri ya biashara na ardhi yakafuata, na hatimaye akabakiwa na ndoa, talaka na mirathi. Kadhi aliyekuwa hakimu wa mji akawa hakimu wa familia. Juu yake pakawekwa majaji wa Kiingereza wa kusikiliza rufaa, na majaji hao walikuja na sheria ambazo nyingi zilitungwa India, pamoja na desturi ya India ya kuichukua sharia kama kanuni kavu zinazosomwa katika tafsiri. Unguja majaji walikuwa na bahati ya kuwa na Sheikh Ahmad bin Sumait, mzaliwa wa Ngazija aliyesoma kwa mashekhe wengi na kufika hadi Istanbul, aliyekuwa kadhi chini ya masultani na kisha chini ya himaya ya Waingereza hadi alipofariki mwaka 1925. Walimwendea kwa ushauri. Hata hivyo kumwomba mtu ushauri kunamwachia anayeomba neno la mwisho, na neno hilo halikuwa tena la Sheikh.

Mfano unaonionyesha jambo hili kwa uwazi zaidi ni wa wakfu, na hapa naomba mnivumilie nikae kidogo.

Mwislamu akitaka kuweka wakfu nyumba au shamba, analifunga: haliuzwi, halirithiwi, na pato lake linakwenda alikoelekeza. Anaweza kuelekeza msikiti, madrasa, kisima au maskini. Anaweza pia kuelekeza watoto na wajukuu zake kizazi baada ya kizazi, na wakimalizika, pato liende kwa maskini. Huo wa pili ndio wakfu wa jamaa, na kwa Mashafii hauna shaka. Minhaj, kitabu cha fiqhi cha Imam Nawawi, ambacho makadhi wa Pwani walikisoma na kukihukumia, kinautambua, kwa kuwa kumtunza jamaa nako ni sadaka. Jaji wa Kiingereza hakuliona hivyo. Kwake sadaka ni kile kinachotoka nje ya familia, na mali kufungwa kwa vizazi visivyo na mwisho ni jambo ambalo sheria ya kwao imelipiga vita kwa karne nyingi. Mwaka 1894, katika shauri lililotoka Bengal, Baraza la Mfalme jijini London, lililokuwa mahakama ya mwisho ya makoloni, liliamua kwamba wakfu wa aina hii ni batili ikiwa fungu la maskini liko mbali mno kiasi cha kuwa jina tu. Waislamu wa India walipigania jambo hilo mpaka likatenguliwa kwa sheria ya mwaka 1913. Sheria hiyo haikufika kwetu. Mahakama za Afrika Mashariki ziliendelea kuifuata hukumu ya 1894, na hata mwanzoni mwa miaka ya 1950 shauri la wakfu kutoka Kenya lilipofika London, Baraza lilishikilia msimamo uleule. Kenya ilibidi itunge sheria mwaka 1951 ili wakfu wa jamaa utambuliwe.

Fikirini maana yake. Kwa zaidi ya nusu karne, mzee wa Mombasa aliyefunga nyumba yake mbele ya kadhi na mashahidi, kwa maneno aliyofundishwa na masheikh wake, aliweza kufa akijua ametenda ibada, kisha mjukuu mmoja mwenye tamaa akaenda mahakama kuu na kuambiwa kwamba babu hakufanya kitu. Nyumba ikauzwa. Wakati huohuo, wakfu za misikiti zilizobaki ziliwekwa chini ya Kamisheni za Wakfu, zilizoundwa na serikali Kenya na Unguja mwanzoni mwa karne ya 20. Naamini pigo hili lilikuwa zito kuliko lile la kumpunguzia kadhi mashauri. Msikiti wenye maduka yake na minazi yake humlipa imamu na mwalimu wake wenyewe, na sheikh anayelipwa na wakfu anaweza kumwambia liwali ukweli. Wakfu zilipodhoofika au kuhamia ofisi ya serikali, mwanachuoni aliyetaka kuishi kwa elimu yake alibakiwa na njia chache, na mojawapo ni mshahara wa serikali.

Nilisema tutarudi kwa mtoto wa Sheikh Ali. Al-Amin bin Ali al-Mazrui alizaliwa mwaka 1891. Mwanzoni mwa miaka ya 1930 alichapisha Mombasa gazeti la Al-Islah kwa Kiswahili na Kiarabu, akiwahimiza Waislamu wasome, wasipoteze mali kwa sherehe na matanga, na wasiige kila kitu cha mtawala. Lilikuwa gazeti la mtu huru. Mwaka 1937 akawa Kadhi Mkuu wa Kenya, cheo cha serikali, akabaki nacho hadi kufa kwake mwaka 1947. Baba alifungwa na dola ya Kiislamu kwa kutetea madhehebu yake, na mwana akatumikia dola isiyo ya Kiislamu ili hukumu za madhehebu hayohayo ziendelee kutolewa. Simlaumu. Asingelikaa yeye pale, angekaa mwingine mwenye elimu ndogo, na wanaoachwa na wanaorithi hawawezi kusubiri siasa zitengemae.

Kuna mchangiaji aliyeniambia naipamba enzi ya kadhi, na akauliza kuhusu utumwa. Swali ni la haki na halifai kukwepwa. Makadhi wa Pwani waliusimamia utumwa kama jambo la kawaida la mali na ndoa: waliandika mauzo, waligawa watumwa katika mirathi, walithibitisha hati za huru. Fiqhi waliyoisoma ilisifu kuacha huru na kuifanya kafara ya makosa mengi, lakini msukumo wa kuufuta utumwa wenyewe haukutoka kwao. Ulitoka kwa Waingereza waliombana sultani, na kwa watumwa wenyewe waliotoroka na kujenga vijiji vyao. Amri ya kufuta hadhi ya utumwa ilitolewa Unguja mwaka 1897, ikawaacha masuria (watumwa wa kike waliowekwa na mabwana zao kama wake) nje mpaka mwaka 1909. Kenya ilifuata mwaka 1907. Lakini hata hapo pana funzo kuhusu dola na jamii. Baada ya serikali kutangaza uhuru, wapo waliokuwa watumwa walioendelea kutafuta huru kutoka kwa mabwana zao, kwa sababu majirani hawakuihesabu karatasi ya serikali kuwa inatosha mtu kuoa, kuozesha au kuzikwa kwa heshima. Ni jambo la kuhuzunisha, na linaonyesha kwamba sheria ya dola na uhalali ndani ya jamii vilikuwa vimeshaachana kabisa.

Sasa uhuru. Mwaka 1963 ukanda wa Pwani ulibidi uunganishwe na Kenya, na kwa kuwa enzi yake ilikuwa bado ya Sultani wa Zanzibar, ilitakiwa ridhaa yake. Wapo Wapwani waliodai mwambao ujitenge, na dai hilo lilishindwa. Mwezi Oktoba 1963 Jomo Kenyatta na Mohamed Shamte, mawaziri wakuu wa Kenya na Zanzibar, waliwekeana ahadi kwa maandishi, na miongoni mwake ni kwamba mamlaka ya makadhi yatahifadhiwa wakati wote kwa Waislamu katika ndoa, talaka na mirathi. Miezi mitatu baadaye, tarehe 12 Januari 1964, serikali ya Zanzibar iliyopewa ahadi hiyo ilipinduliwa. Aliyeahidiwa hakuwepo tena, na ahadi ikabaki katika Katiba ya Kenya.

Sheria ya Mahakama za Kadhi ya mwaka 1967 ilizieneza mahakama hizo nje ya ukanda wa maili kumi, jambo lililofaa kwa Waislamu wa kaskazini na wa bara, ila likaja kuwa hoja ya wapinzani kwamba ahadi imepitishwa mipaka yake. Someni kifungu cha 6 cha sheria hiyo. Kinasema ushahidi utapokelewa kwa kanuni za Kiislamu, kisha kinaweka masharti: mashahidi wote wasikilizwe bila ubaguzi wa dini wala jinsia, na jambo liamuliwe kwa uzito wa ushahidi na si kwa idadi ya mashahidi. Kwa sentensi hizo chache Bunge la Kenya liligusa mlango mzima wa fiqhi ya ushahidi. Mimi naona masharti hayo yana manufaa, hasa kwa mwanamke anayedai matumizi na shahidi wake ni jirani mmoja tu. Lakini tukubaliane basi kwamba mahakama hii si msikiti uliojipenyeza serikalini. Ni mahakama ya serikali inayotumia sehemu ya sharia kwa kadiri serikali ilivyoruhusu. Rufaa zake huenda Mahakama Kuu, ambako jaji hukaa na Kadhi Mkuu au makadhi wawili kama washauri.

Waislamu walipoona Sheria ya Mirathi, iliyotungwa mwaka 1972 na kuanza kutumika mwaka 1981, inawaweka chini ya kanuni za wote, walilalamika mpaka ikarekebishwa mwaka 1990. Mei 2010 Mahakama Kuu iliamua kwamba kumweka kadhi katika katiba ya zamani kulikiuka usawa wa dini. Agosti 4 mwaka huohuo wananchi waliipitisha Katiba mpya kwa takriban asilimia 67, na kadhi yumo katika ibara ya 169 na ya 170, kwa sharti kwamba wahusika wote wawe Waislamu na waridhie kusikilizwa hapo. Viongozi wengi wa makanisa walikuwa wameipinga rasimu, kadhi akiwa mojawapo ya sababu zao.

Tanganyika mambo yalikwenda njia nyingine. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 1963 iliunganisha mahakama zote, na zile za maliwali zikaisha. Hapakuwa na mkataba wa kuzuia. Desemba 1968 serikali ilipiga marufuku jumuiya ya Waislamu ya EAMWS (East African Muslim Welfare Society), iliyoanzishwa mwaka 1945 kwa msukumo wa Aga Khan, na BAKWATA (Baraza Kuu la Waislamu Tanzania) ikaundwa na kurithi mali zake. Sheria ya Ndoa ya 1971 ikafuata. Chini yake, Mwislamu anayetaka talaka ya mahakama anapitia baraza la usuluhishi, likishindwa kuwapatanisha linatoa hati, na talaka iliyotamkwa baada ya hapo mahakama inaichukua kuwa uthibitisho kwamba ndoa imevunjika. Mwaka 1983 Mahakama ya Rufani chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali iliamua, katika shauri la mume na mke Waislamu, kwamba kazi za nyumbani za mke ni mchango katika mali ya ndoa. Binafsi naiona hukumu hiyo kuwa ya haki. Kuhusu kuirudisha Mahakama ya Kadhi Bara, hoja ya mbunge Augustine Mrema ya mwaka 1998, ilani ya CCM ya 2005 na muswada ulioondolewa mwaka 2015 vyote vimegota palepale: nani atamlipa kadhi, na hukumu yake itatekelezwa na nani.

Zanzibar nayo ina makadhi wake wa serikali, chini ya sheria ya 1985 na kisha ya 2017, pamoja na Ofisi ya Mufti iliyoundwa kwa sheria ya 2001. Ni jamhuri moja yenye majibu mawili.

Nimeulizwa mwishoni, mimi nataka nini. Chukueni ukoo mmoja wa Kishafii wenye ndugu Vanga upande wa Kenya, Jasini upande wa Tanzania, na Mkoani huko Pemba. Mume akifariki, fungu la mjane mwenye watoto ni thumuni (moja ya nane) katika fiqhi kote kutatu. Wa Vanga ataenda kwa kadhi anayelipwa na Idara ya Mahakama. Wa Mkoani ataenda kwa kadhi wa wilaya. Wa Jasini ataenda mahakama ya mwanzo kwa hakimu ambaye huenda hakuwahi kusoma mlango wa mirathi, na ambaye atatazama kwanza kama marehemu aliishi kwa desturi za kabila au kwa Uislamu. Ningependa huyo wa Jasini apate msomi wa kumgawia haki yake, na ningependa zaidi msomi huyo alipwe na wakfu unaosimamiwa na Waislamu wenyewe kwa hesabu zilizo wazi, huku rufaa ikibaki mahakama za nchi. Wanaoona haiwezekani waniambie kikwazo kiko katika kifungu gani, na wanaojua wakfu za Tanga na Bagamoyo ziko mikononi mwa nani leo waziorodheshe hapa chini.